Ombi la Mzee Hondohondo

Katika msitu mmoja ambao ukungu wake ulichelewa kuamka kama nichelewavyo mimi, ndege Mzee Hondohondo alimwendea Hakimu Kobe akilia.

"Mheshimiwa, binti yangu amefungiwa ndani ya mti. Mlango umezibwa kwa udongo, limebaki tundu la kupitisha mdomo tu. Mkwe wangu aamriwe amtoe nimwone."

Kobe hakuwa na haraka. Alitembea siku mbili, karani wake Komba akisinzia mgongoni, hadi wakafika chini ya mti huo.

"Binti," akauliza, "nani amekufungia?"

Sauti ikatoka tunduni, laini kama ya aliye ndotoni. "Nimejiziba mwenyewe, mheshimiwa. Naatamia mayai. Mume wangu hunilisha kupitia hapa, kama baba alivyomlisha mama."

"Lile la mama yako lilikuwa tundu langu," Mzee akanong'ona kutoka tawini.

"Na wewe umekaa kwenye tawi hili tangu lini?" Kobe akamuuliza Mzee.

"Tangu alipojiziba. Nimeondoka kuja kwako tu."

Kobe akarudisha kichwa ndani ya gamba, alimofungiwa tangu azaliwe bila yeyote kumwombea, akafikiri humo, kisha akakitoa.

"Aliyefungwa nimemwona. Binti, mwachilie baba yako."

Ncha ya mdomo ikachungulia tunduni. "Baba, nenda ukalale. Kesho niletee kuyu."

Mzee akaruka, mwepesi kama ukungu. Kesho yake alikuwa kwenye foleni nyuma ya mkwe wake, kuyu bivu mdomoni, kwa hiyo hakuweza kulalamika.