Amri ya Waziri

Bi Mwanaidi aliushika mlango wa gari la Waziri Kilindo kwa mikono miwili. Walinzi wakamvuta, hakuachia.

"Wakili!" alilia, maana ndivyo mji ule ulivyomwita kabla hajawa waziri. "Mwanangu Sefu wamemkamata jana kwenye maandamano. Wewe ndiwe uliyemtoa baba yake rumande. Mtoe na yeye, wanawapiga humo!"

Kilindo aliwaamuru walinzi wamwache, akampigia simu mkuu wa kituo cha polisi palepale.

"Mheshimiwa," mkuu alijibu kwa adabu, "asubuhi umetangaza redioni asiachiwe hata mmoja. Nikimtoa huyu, nitasema nimefuata amri ya nani?"

Kilindo alikata simu.

"Wamekubali?" Bi Mwanaidi aliuliza, uso umeshaanza kumchangamka.

Kilindo aliteremka garini, akaenda naye kwa miguu hadi kituoni. Lango lilikuwa limefungwa, na kutoka ndani kilio kilisikika. Askari wa zamu alipomwona waziri alikakamaa, akapiga saluti.

"Fungua," Kilindo alisema.

Askari hakulisogelea kufuli. Mkono wake ulibaki palepale kwenye kofia.