Msemaji wa Upande wa Chini

Katika watu wote waliofika barazani asubuhi ile, mmoja tu alikuwa akimwomba Mungu yeye mwenyewe ashindwe. Naye ni Sumari, msemaji wa upande wa chini.

Kwenye mteremko ule wa Meru, mfereji wa maji uliwagawa watu mafungu mawili. Jumbe alitoka upande wa juu; upande wa chini ukachagua mtu wa kumpinga. Jumbe akisema mashariki, mpinzani aseme magharibi, hata kama jua linachomoza mbele ya macho yake. Shauri lisilopingwa halikuwa shauri, na aliyekula kiapo cha kupinga hakuruhusiwa kunyamaza.

Zamani ilikuwa kazi ya heshima. Lakini tangu Wajerumani wajenge boma Arusha na kumpa Jumbe Sakaya askari wa kutembea nao, ilibaki mchezo tu. Sumari anapinga, watu wanacheka, Sakaya anapitisha alilolitaka. Miaka yote hiyo Sumari hakuwahi kushinda hata shauri la mbuzi.

Sasa shauri lilikuwa la mwanawe. Lemayian, akibebeshwa mawe ya boma, alichapwa kiboko hadi akachoka. Akamnyang'anya askari kiboko chenyewe na kumpasua nacho uso. Mzungu wa boma alisema atakubali uamuzi wa baraza, kifo au msamaha, mradi usiwe wa kupangwa. Akinusa mapatano, atamnyonga kijana kwa mkono wake.

Jana yake Sakaya alikuja nyumbani kwa Sumari peke yake.

"Mimi nitasema asamehewe," alisema. "Wewe pinga."

"Nimpinge mwanangu wa kumzaa?"

"Mpinge kwelikweli. Ukilegea, Mzungu atajua tumeelewana. Kisha nitakushinda, kama siku zote. Au umesahau kushindwa, mwenzangu?"

Wakacheka wote wawili, wazee wa rika moja waliotahiriwa pamoja. Sakaya akang'oa majani akayashika mkononi, ishara ya amani, na Sumari akayaamini.

Nalepo, mkewe, hakucheka.

"Baba Lemayian, kwa siku hiyo moja si ungenyamaza?"

"Nikinyamaza, mtoto anapelekwa boma. Mkono usioweza kuukata, ubusu."

Basi barazani Sakaya alisema maneno matamu kweli. Kijana ni damu yetu, alisema, asamehewe. Baba yake atoe ng'ombe, askari auguzwe. Mkalimani akamnong'oneza Mzungu. Lemayian, mikono imefungwa nyuma, aliinua uso na kumtazama baba yake kwa matumaini. Maskini, hakuna aliyeweza kumfikia kumweleza.

Sumari alisimama. Alianza kwa sauti ya kukwama, na mara akamwona Mzungu anakunja uso. Hofu ikamshika, naye mfa maji haachi kutapatapa.

"Mimi ndiye niliyemzaa!" alipaza sauti. "Nani anamjua kuliko mimi? Ni mkaidi tangu alipojifunza kutembea. Leo amempasua askari, kesho atawapasua ninyi. Mkimsamehe wa kwangu, mtamwadhibu wa nani? Nasema anyongwe. Anyongwe, na mimi baba yake nishuhudie!"

Hakuwahi kusema vizuri namna ile maishani mwake. Hakuna aliyecheka. Wazee wa upande wake mwenyewe waliinamisha vichwa, na Nalepo, aliyeujua mpango wote, alijiziba masikio kwa viganja. Lemayian alilia waziwazi mbele ya watu, yeye ambaye kiboko hakikumliza.

Moyo wa Sumari ulichanika, lakini ulikuwa na raha ndani yake. Vumilia, mwanangu, alisema kimoyomoyo; jioni utakula kwa mama yako. Mzungu naye alikuwa ameukunjua uso, anatikisa kichwa kukubali. Hakushuku lolote.

Sumari akaketi, akangoja kushindwa.

Sakaya aliinuka polepole. Aliwatazama watu wa juu, akawatazama wa chini, kisha akamgeukia Mzungu.

"Nimebishana na mtu huyu miaka mingi," alisema, "na leo sina jibu. Sumari ameshinda."