Shujaa Juu ya Paa

Kompyuta iliandika kwamba imekuta virusi thelathini na kimoja. Mama akabonyeza "Futa vyote" bila kusita, kama mtu anayepangusa vumbi.

Kompyuta ilikuwa ya binti yao. Miezi saba tangu wamzike, mama aliona kitu kizima hakiwezi kukaa bure wakati ofisini kazi zimemjaa.

Mumewe akaingia, akavuta kiti kama kila jioni.

"Sogea, bibie, nimsalimie shujaa wetu."

Hakuwa akicheza. Jioni zote hizo alilifungua tu gemu la binti, akamtazama shujaa aliyesimama juu ya paa, pale pale binti alipomwacha asubuhi ya kwenda hospitali.

Safari hii alitafuta, akatafuta tena.

"Gemu liko wapi?"

"Lilikuwa na virusi, nimelifuta. Si lile la wizi, lililovunjwa kufuli? Rafiki yake aliyempa atakupa jingine."

"Atanipa gemu, mke wangu. Shujaa ataanzia chini, barabarani."

"Lakini mambo haya siku hizi si yanahifadhiwa mtandaoni?"

"Ya kununua, ndiyo. Lile la wizi lilihifadhi humu humu tu."

Mumewe akainamia kibodi, akapapasa vitufe kimoja kimoja.

"Hapa palikuwa na rangi yake ya kucha," alisema taratibu. "Napo umesafisha?"

Mama akakikunja kitambaa chenye madoa mekundu, akakificha mgongoni.