Barua ya Mbuke kutoka Kabasa

"Soma polepole, katekista," Matiko alisema. "Kama ni mtoto wa kike, kohoa kwanza nijiandae."

Felisian akacheka, akaikunjua barua. Kondakta wa basi la Bunda ndiye aliyeileta, karatasi ya daftari imekunjwa mara nne. Mwaka ule wa foleni za madukani hata bahasha ilikuwa bidhaa adimu.

Mbuke alikuwa amekwenda kwao Kabasa kujifungua. Miezi miwili kimya. Matiko alimwoa kwa ng'ombe wake mwenyewe, hakuazima hata ndama, na kijiji kizima cha Buswahili kilikunywa togwa siku ile. Boma lisilo na mtoto wa kiume lina dawa moja tu: kuoa. Vinginevyo ungefunga macho leo, kesho ndugu wangekuja na kamba kufungua mifugo, na jina la marehemu Burito lingezimika kama kibatari.

"'Nimejifungua salama,'" Felisian alisoma. "'Mtoto wa kiume.'"

Matiko akapiga kofi moja, kama anayeua mbu. "Burito huyo. Amerudi."

Felisian akakohoa.

"Sasa unakohoa nini, na ni wa kiume?"

"'Clementi amempa jina la baba yake mwenyewe,'" katekista aliendelea, sauti imeshuka. "'Tunaishi naye hapa Kabasa. Tunapendana. Mimi na mtoto haturudi tena. Usinitafute.'"

Matiko akaichukua ile karatasi, akaigeuza nyuma kutafuta maneno mengine. Hayakuwapo.

Clementi. Si alikuwaga anakula hapa hapa, mwaka mzima? Sato akipatikana, kichwa ni cha Clementi. Sukari ya magendo ikiingia, kikombe cha kwanza ni cha Clementi. Matiko mwenyewe alikuwa akimkaribisha mlangoni, kisha anatoka kwenda kukaa kwa jirani mpaka giza liingie.

"Pole," Felisian alisema. "Nilidhani ulijua kwamba wanalala pamoja."

"Kulala pamoja niliwapangia mimi." Matiko alijifunga khanga upya kiunoni. "Mjane kama mimi, asiye na mtoto, akioa mwanamke mwenzake, katekista, mbegu si lazima aiombe kwa mwanamume? Kupendana ndiko hatukukubaliana."