Upande wa Pili wa Koma

"Ingawa tulikuta uvimbe katika titi lako la kushoto…" Dada mtu, aliyekuwa akimtafsiria mdogo wake mshonaji majibu yake, aliishia hapo. Barua ya hospitali, iliyoandikwa kwa Kiingereza, ikamtoka mkononi. "Mungu wangu, tumekwisha!"

Tayari alikuwa anampigia kaka yao simu, huku analia.

Mshonaji aliiokota barua, futi ikining'inia shingoni. Miezi mitatu alikuwa akisoma Kiingereza ukubwani, na dada huyo huyo akimcheka. Aliweka kidole juu ya neno la kwanza, lile la "ingawa". Mwalimu aliwaambia kishazi kinachoanza na neno hilo ni tegemezi, hakisimami peke yake. Habari yenyewe imo kwenye kishazi huru.

"Dada, ngoja. Sentensi haijaisha."

"Haijaisha nini, na uvimbe umeshatajwa?"

Kidole kilivuka koma, kikashuka mstari wa pili. Alisoma kimya, kisha akarudia kwa sauti: "vipimo vimeonyesha kwamba si saratani."

Simu ikapokelewa. "Haloo? Mbona unalia? Nani kafa?"

Dada alimgeukia mdogo wake, simu ikiwa bado sikioni. Mshonaji hakuwa ametoa hata chozi. Sasa alikaa sakafuni katikati ya vitambaa, akalia kwa sauti.