Kikombe Kwanza

Yule mzee Mwingereza alipoanguka katikati ya mgahawa wa hoteli, wahudumu walipiga makofi.

Walishamzoea. Miaka hamsini, jukwaani na kwenye filamu, alipewa nafasi za watu wa kufa mapema, na tangu afikie hapa hotelini, mtaa wa Al Sadd, aliwafia kila asubuhi. Kwanza aliweka kikombe mezani, kwa sababu mwigizaji, alisema, havunji vyombo vya watu. Halafu alianguka, kisha akafumbua jicho moja aone nani analia.

"Leo ametuweza!" mpishi alicheka.

Mhudumu Virginia alisogea na birika la chai, akilisubiri lile jicho.

"Haya mzee, inuka."

Makofi yalizidi. Alipopiga hatua nyingine, vipande vya kikombe vilisagika chini ya kiatu chake.