Kioo cha Kugawa Duka

Dada wawili waliingia kwa fundi Mbaruku na kioo cha plastiki, kila mmoja kakishika ncha yake. Kilikuwa cha kugawa duka la ushonaji waliloachiwa na mama yao, ila kilizidi urefu.

"Si mngeweka mbao tu?" fundi aliuliza.

"Nataka nimwone akiniibia wateja," alisema Salme, mkubwa.

"Fundi, mwambie nami nitamwona," alisema Tunu.

"Hayo mtayamaliza dukani. Hapa mtakikandamiza wote wawili. Kikitetemeka kinapasuka, na vipande vinaruka machoni. Asiachie mtu."

Aliwasimamisha bega kwa bega. Miwani ya ziada ilikuwa moja tu, na Salme aliiwahi.

"Basi wewe geuza uso," fundi alimwambia Tunu.

Msumeno wa umeme ukanguruma. Ulipofika katikati, Tunu alihisi kioo kikianza kutetemeka. Akageuka. Vidole vya Salme vilikuwa vimeinuka, na nyuma ya miwani macho yake hayakuutazama msumeno. Yalimtazama yeye.

Tunu aliubandika mkono wake juu ya mkono wa dada yake na kuulalia kwa uzito wote, mpaka kipande kikaanguka na fundi akazima msumeno.

"Tayari. Achieni."

Tunu hakuachia. Kioo kilikuwa kimetulia. Chini ya kiganja chake, mkono wa Salme ulikuwa bado unatetemeka.